Msokoto wa Bawa la Kushoto

Jumamosi, tarehe 11 Mei. Mvua ilianza alfajiri na haikukatika hadi alasiri. Upepo mdogo kutoka kusini, baridi ya kuvaa sweta. Hakuna ndege iliyoruka siku hiyo, na ndiyo sababu rubani alibaki karakana ya ndege akanywa chai pamoja nasi. Jua lingewaka, yeye angekuwa angani, na mimi nisingekuwa na la kuandika kuhusu shemeji yangu isipokuwa kwamba ni mtu mwema na mbishi.

Shemeji ni mume wa dada yangu mkubwa, na kazi yake ni useremala. Watu wanamwita Timazi, jina la ile kamba yenye chuma mwishoni ambayo mafundi huning'iniza kujua kama ukuta umesimama wima. Walimpa jina hilo kwa sababu hawezi kuvumilia kitu kilichopinda. Siku alipokuja kwetu kuposa, alikaa, akaweka mkono juu ya meza, meza ikacheza. Kabla hajataja kilichomleta, alimwomba baba kipande cha kadibodi, akapiga magoti, akakisukuma chini ya mguu mmoja wa meza. Baba alikuwa akisema kwamba posa ilikubaliwa pale pale chini ya meza. Yaliyofuata yalikuwa maneno tu.

Nilikaa kwao miaka yangu yote ya sekondari. Nyumba ilikuwa na vyumba viwili na stoo, na stoo ilijaa mbao. Alizitoa mbao nje, akazifunika kwa turubai, nikalala mimi mahali pakavu. Fundi anayejua mbao anajua turubai haizuii unyevu. Mbao kadhaa zilipinda msimu ule, naye hakuwahi kunitajia jambo hilo. Nililisikia kwa dada, nikiwa nimeshaoa.

Alitengeneza milango na madirisha kwa zaidi ya miaka ishirini. Kisha ikaja milango ya chuma, inauzwa dukani pamoja na kufuli na funguo zake, na wateja wakaanza kupita mbele ya karakana yake wakimsalimia tu. Mwishowe akaifunga. Alibaki nyumbani akiipiga randa milango ya nyumba yake mwenyewe, mpaka dada akamwambia, "Fundi, ukiendelea hivi tutakuwa tunabisha hodi kwenye karatasi."

Aliyemtoa nyumbani ni mzee mmoja tunayemwita Mzee Injinia. Maisha yake yote alitengeneza ndege, na baada ya kustaafu yeye na wenzake wachache wa chama cha urubani walipata mabaki ya ndege ya kivita, ya kiti kimoja, ya zamani za vita vikuu. Kiwiliwili kilikuwa kizima kiasi. Mabawa yalikuwa yameoza, kwa kuwa ndege za aina ile zilijengewa mabawa ya mbao wakati bati lilipokuwa adimu. Walikuwa na michoro, walikuwa na gundi, na plaiwudi nyembamba ya kazi hiyo walikuwa wameiagiza mbali na kuisubiri karibu mwaka mzima. Seremala ndiye hawakuwa naye.

Mzee Injinia alikuja nyumbani akiwa na kipande cha mbao kisichozidi unene wa kucha. Akampa shemeji. "Nichongee ubavu wa bawa," alisema, akamwonyesha mchoro. Shemeji akauliza kama bawa lina mbavu. "Lina mbavu, lina uti wa mgongo, lina ngozi," mzee akamjibu. "Kitu pekee lisichonacho ni mdomo wa kulalamika, kwa hiyo ni lazima tulichunguze sisi."

Ubavu ule wa kwanza ulimpendeza mzee, na shemeji akapata kazi tena. Nataka niseme hapa kwamba sijamwona dada yangu akiimba jikoni kama alivyoimba wiki ile.

Karakana ilikuwa banda la ndege kwenye ukingo wa uwanja mdogo: paa la bati, milango miwili mikubwa ya kusukuma, sakafu ya saruji iliyoinama kidogo kuelekea mfereji katikati ili maji yasituame. Bawa lilijengwa likiwa limelala juu ya fremu ndefu ya chuma waliyoiita kitanda. Kila ubavu ulikuwa na miguu yake miwili juu ya kitanda, mmoja mbele na mmoja nyuma, na kila mguu ulikuwa na skrubu ya kuupandisha au kuushusha.

Mchana walipopumzika, mzee alimsimulia shemeji habari za mabawa. Jumamosi nilipompeleka dada na chakula, nilizikuta habari hizo zikiendelea. Alimweleza kwamba waliochora ndege za vita walikuwa wanavutwa huku na huku: bawa nene linabeba vizuri na lina nafasi ya bunduki na mafuta, jembamba linakimbia, refu linapanda juu, fupi linageuka haraka. Kila mmoja alichagua alichokuwa tayari kukikosa. Kuna aliyechora bawa lenye mviringo kama jani, zuri mno kwa hewa na balaa kwa fundi, maana hakuna ubavu unaofanana na mwenzake. Kuna aliyekata ncha zake mraba ili viwanda vitoe mengi upesi. Na kuna aliyelikunja bawa lake karibu na kiwiliwili, kama kiwiko.

"Huyo alikuwa mgonjwa?" shemeji aliuliza.

"Alikuwa na propela kubwa. Ndege ingekaa chini kidogo tu, propela ingelima ardhi. Akalikunja bawa ili tumbo likae juu na miguu ibaki mifupi."

"Bado angeniita tukashauriana."

"Ungemwambia nini, Fundi?"

"Ningemwambia anunue propela ndogo."

Mzee alicheka hadi akashika mbavu zake mwenyewe. Walikuwa wamezoeana kiasi hicho.

Halafu mzee akaenda kufanyiwa upasuaji wa mtoto wa jicho, na daktari akamkataza vumbi kwa wiki kadhaa. Kabla ya kuondoka alikipanga kitanda mwenyewe, mguu kwa mguu, akakikagua, akasema kiko tayari. Akamwachia shemeji kazi ya kupanga mbavu za bawa la kushoto na kulibandika ngozi ya juu. Bawa la kulia lingefuata, kwa kuiga la kushoto.

Kosa lilikuwa hili. Siku ya pili akiwa peke yake, shemeji aliweka pima maji juu ya miguu ya kitanda, upande wa ncha ya bawa. Kiputo hakikukaa katikati. Miguu ya mbele ilikuwa chini kuliko ya nyuma. Akasogea kuelekea shina la bawa, pale linapoungana na kiwiliwili, akaona tofauti inapungua. Akatazama sakafu, akauona mfereji, akajipa jibu: kitanda kimezama upande wa mfereji, na mzee, kwa jicho lake bovu, hakuona. Akaipandisha miguu ya mbele kwa skrubu, na skrubu zilipokwisha akaongeza kabari za mbao ngumu, mpaka kitanda kikawa sawa kuanzia shina hadi ncha. Hakumwambia mtu. Hakuwa anaficha. Alitaka mzee akirudi akute kazi imenyooka, bila kuambiwa kwamba macho yake yalikuwa yamemsaliti. Ilikuwa heshima, kwa namna yake. Kisha akapanga mbavu, akabandika ngozi ya juu, na gundi ikakauka.

Mzee alirudi Ijumaa, siku moja kabla ya mvua ile. Alipita mkono juu ya plaiwudi, akasema ni laini kama shavu la mtoto. Hakupima. Kitanda alikuwa amekikagua mwenyewe, angepima nini tena? Jumatatu wangefunga ngozi ya chini, na bawa lingekuwa limekwisha.

Nirudi sasa kwenye Jumamosi. Tulikuwa watano karakana. Mzee alisinzia kwenye kiti chake karibu na mlango. Shemeji alikuwa amekaa juu ya kreti akiwa na kikombe cha chai. Dada alikuwa anafungua vyombo, mimi namsaidia, na rubani, mwanamke mmoja wa miaka thelathini na kitu ambaye ndiye angeirusha ndege hiyo ikikamilika, alisimama akiilaani mvua.

"Mwanangu," dada akamwambia, "mimi nimeletea watu chakula hapa mwaka mzima na hakuna aliyenieleza kitu hiki kinakaaje juu."

Rubani akanyoosha mkono wake wa kushoto kando, kama bawa. "Tazama, mama. Bega ndilo shina, vidole ndiyo ncha. Nikienda kasi, bawa lote linanibeba. Lakini nikitaka kutua ni lazima nipunguze mwendo, na nikipunguza mno bawa linachoka, linaiachia hewa. Swali ni hili: sehemu gani ichoke kwanza?"

Dada alifikiri, kijiko mkononi. "Ningekuwa mimi, ningependa kuchoke huku begani. Vidole viendelee kushika."

"Mzee amka, kuna mtu anataka kazi yako!" rubani akacheka. Mzee aliendelea kukoroma. "Hivyo hivyo, mama. Ncha zikichoka kwanza, bawa moja linadondoka ghafla, ndege inapinduka, na ukiwa karibu na ardhi huna hata nafasi ya kuita jina la mtu. Ndege nyingi za vita zilikuwa na bawa gumu kulimudu, na vijana waliozirusha walikuwa wageni wa kazi. Kwa hiyo wachoraji walilisokota bawa kidogo." Akageuza kiganja, kidole gumba kikainama. "Ncha inatazama chini kuliko shina. Digrii mbili hivi tu, macho hayaoni. Ncha inafanya kazi kidogo, kwa hiyo inachoka mwisho. Nikipunguza mwendo mno, pua inainama taratibu kunionya, na mabawa yanabaki sawa. Bawa letu limesokotwa hivyo. Au siyo, Fundi?"

Shemeji alisema, "Ndiyo," lakini kwa sauti ya mtu aliyeulizwa jambo jingine. Akaweka kikombe chini. Akaenda kwenye bawa akitupa mgongo, akaweka pima maji juu ya ncha, na akabaki ameinama pale. Nilisogea nikaona alichokiona. Kiputo kilikuwa kimetulia katikati kabisa. Nadhani ilikuwa mara ya kwanza katika maisha yake jambo hilo kumtia hofu.

Akatuashiria mimi na dada tumfuate nyuma, kwenye kibanda cha mbao. Mvua ilipiga bati kiasi kwamba ilitubidi kukaribiana. Akatueleza kila kitu: mfereji, skrubu, kabari.

"Plaiwudi ile walisubiri mwaka," alisema. "Nikisema, kazi imekwisha. Na si kazi tu. Watasema Timazi aliharibu bawa. Hakuna atakayenipa hata kiti cha kuunga mguu. Nisiposema, bawa la kulia litaigwa kutoka hili, yote mawili yatafanana, mzee haoni vizuri. Huenda wangegundua siku ya kuunganisha. Huenda. Na yule binti aende juu kwa huenda."

Dada alimtazama. "Fundi. Unaniomba ushauri au unaniaga?"

Alifuta mikono kwenye suruali. "Nakuaga."

"Basi nenda. Sisi tuko nyuma yako."

Alimwamsha mzee kwa kumgusa bega. Akasema akiwa amesimama, mikono mbele kama mtoto wa shule: "Mzee, bawa la kushoto limenyooka. Nimelinyoosha mimi. Miguu ya kitanda nilidhani imezama, nikaipandisha."

Mzee aliinuka, akachukua kipimo chake cha pembe, akaenda kukiweka kwenye shina, kisha kwenye ncha, jicho lake jipya karibu kabisa na namba. Alipogeuka alikuwa amebadilika rangi.

"Nani alikwambia uguse kitanda changu?"

"Hakuna, mzee."

"Nilikipanga kwa siku nzima! Nimekikagua! Wewe ukaja na pima maji yako ya milango!"

"Nilidhani ni sakafu."

"Sakafu! Mimi sijui kama sakafu imeinama? Niliiona ikimwagwa!" Akatupa kipimo juu ya benchi. Kisha akakiokota na kukiangalia kama kimevunjika, na hapo sauti yake ikashuka. "Nimekusimulia mabawa ya dunia nzima, Fundi. La jani, la mraba, la kiwiko. Hili la kwetu nilikutajia msokoto?"

"Hukunitajia."

"Sikukutajia," mzee alirudia. "Nilipanga miguu, nikaona imetosha." Akakaa. "Hata hivyo ulipaswa kuniuliza. Nilikuwa nimefanyiwa jicho, si ulimi."

"Nilipaswa."

Mzee akamgeukia rubani. "Mimi sikai ndani ya ndege hii. Anayekaa ndani aamue. Tumtafute seremala mwingine au vipi?"

Hapo ndipo nilipoona mkono wa dada ukishika upindo wa kanga yake. Rubani alikuwa amesimama kando ya ncha ya bawa. Alimuuliza shemeji swali moja.

"Ungeweza kunyamaza?"

"Ningeweza," shemeji alisema. "Nilianza. Nilinyamaza toka pale uliponiuliza mpaka nilipotoka kibandani."

Rubani akacheka, cheko fupi la mtu aliyepata jibu asilolitarajia. "Mzee, nimefanya kazi na mafundi wengi ambao hawajawahi kukosea. Wakikosea sijui watafanya nini. Huyu sasa namjua. Bawa la kulia alijenge yeye, na la kushoto alirudie."

"Na plaiwudi?"

"Tutaisubiri. Ndege imesubiri tangu babu yangu ni kijana, itakufa kwa mwaka mmoja zaidi?"

Shemeji aliinamisha kichwa tu. Aliyeshukuru ni dada. Alimwendea rubani, akamshika mikono yote miwili, akasema, "Mwanangu, Mungu akuweke." Kisha akamgeukia mzee: "Na wewe mzee, chakula kinapoa."

Tulikula. Mzee alikula kwa hasira mwanzoni, baadaye kwa njaa tu.

Ndege ile imesharuka. Ilikuwa miaka miwili baadaye, asubuhi ya mawingu machache. Rubani aliipeleka juu sana, kisha akaipunguza mwendo makusudi, na sisi chini tukasikia mlio wa injini ukilegea. Mzee alikuwa anatuelekeza kwa sauti: "Sasa anaichosha. Sasa." Pua ikainama, polepole, na mabawa yote mawili yakabaki sawa. Kisha injini ikanguruma tena. Shemeji hakuwa anatazama juu. Alikuwa anatazama viatu vyake, na dada ndiye aliyemwambia kwamba imekwisha, imekaa vizuri. Alipotua, rubani alimfuata akiwa bado amevaa kofia, akampa mkono, akamwambia, "Imeniaga kwa adabu, Fundi, kabla ya kuchoka." Nashukuru kwamba nilikuwepo. Nashukuru pia kwa mvua ile, kwa chai, kwa dada yangu na swali lake la kijiko mkononi, na kwa mzee aliyejua kugomba mpaka mahali fulani na kuishia hapo. Mmoja wao angekosekana, sijui leo ningekuwa naandika nini.

Lakini siku ninayoitaka mimi ni ile Jumapili, asubuhi baada ya mvua. Nilipitia karakana kuchukua vyombo vya dada tulivyosahau. Nilidhani pamefungwa. Mlango mkubwa ulikuwa wazi nusu, jua likiingia hadi kwenye mfereji. Mzee alikuwa kwenye kiti, kichwa nyuma, na shemeji amesimama juu yake na kichupa cha dawa ya macho, kwa sababu mkono wa mzee ulitetemeka na nusu ya dawa ilikuwa inaishia shavuni.

"Usifumbe," shemeji alimwambia.

"Sijafumba."

"Umefumba, mzee. Nakuona."

Akamtia tone moja, akamfuta shavu kwa kitambaa safi, akamwambia akae hivyo hivyo kwanza, asitazame vumbi. Kisha akavuta pazia la turubai kati ya kiti na kitanda, akapiga magoti chini ya ncha, akazitoa kabari moja moja, akashika msumeno mdogo, na akaanza kuikata ngozi ya bawa.